Nani Aisemee Msamvu?

Asubuhi ya Jumamosi, tarehe 10 Agosti 2019, lori la mafuta lilipinduka karibu na kituo cha mabasi cha Msamvu, mjini Morogoro. Watu wakakusanyika, wengine na madumu, wengine na macho yao tu. Moto ukalipuka. Waliokufa papo hapo, pamoja na wale waliokata roho hospitalini katika siku na wiki zilizofuata, walipindukia 100. Rais John Magufuli alitangaza siku tatu za maombolezo, na siku ya pili yake makaburi ya Kola yakaanza kupokea jeneza baada ya jeneza. Khabari hizi hazina asiyezijua, kwa kuwa zilipigwa picha. Simu za mkononi zilimchukua mtu akiinama na dumu lake, zikauchukua moto, zikachukua na kilichobakia baada ya moto, na kabla ya jua kuchwa picha hizo zilikwisha kuvuka bahari zikafika Unguja na Pemba, zikafika Mombasa, Maskati na London.

Hazikusafiri zikiwa kimya. Kila mkono ulioipokea picha uliivisha sauti. Mtu ambaye hakuwapo, aliyeketi kivulini mbali kabisa na Msamvu, aliwatilia maelezo watu wale hata kabla hawajatambuliwa majina: hii ni tamaa, huu ni ujinga, hawa ndio watu wasiosikia. Ikawa marehemu wamehukumiwa kabla ya kuoshwa. Yafaa isemwe wazi tangu mwanzo kwamba sauti hiyo, ya mtu aonaye kwa mbali na kumsemea anayeonwa, ni dhulma. Na kama dhulma nyingi, ina nasaba yake.

Wako watakaosema kwamba maradhi haya yameletwa na simu. Simu imeyakuta. Yalizaliwa pale sinema ilipojifunza kusema, yakakomaa katika miaka kumi na mitano hivi baada ya Vita vya Pili vya Dunia, wakati filamu fupi ya hali halisi, ile ya dakika kumi inayotangulia mchezo wenyewe, ilipofanywa chombo cha serikali karibu kila mahali. Nchi mbili zafaa kuwekwa bega kwa bega katika jambo hili, Italia na Tanganyika: moja ilikuwa imeshindwa vita, nyingine ilikuwa imetawaliwa na walioshinda. Ulinganisho huu utaonekana wa mbali mpaka mtu azisikilize filamu zenyewe. Sauti ni moja.

Italia ya 1945 ilikuwa magofu. Dunia huikumbuka kwa filamu ndefu za Rossellini na De Sica, lakini nyuma ya filamu hizo palikuwa na kiwanda kingine kisichotajwa sana. Sheria za sinema za 1947 na 1949 ziliamuru kwamba mtengenezaji wa filamu fupi ya hali halisi alipwe asilimia 3 ya makusanyo ya onyesho ambalo filamu yake ilikwenda nalo. Nia ilikuwa njema. Wafanyabiashara wakagundua upesi kwamba filamu ya namna hiyo haina haja ya kupendwa na mtu yeyote. Yatosha iambatane na filamu kubwa inayopendwa, na fedha zitakuja. Zikamiminika kwa mamia, za chemchemi za Roma, za makanisa, za mizabibu na mavuno, kila moja na msimulizi wake mwenye sauti nzito, asiyepumua, anayemweleza mtazamaji kile ambacho mtazamaji anakiona. Mtu hakuzihitaji, wala zenyewe hazikumhitaji mtu. Na serikali iliyolipa ilikuwa na ladha yake: Giulio Andreotti, aliyesimamia sinema serikalini, mwaka 1952 alimkemea De Sica hadharani kwa kuuonesha ulimwengu ufukara wa Waitaliano. Ufukara wafaa ufichwe uani, au kama lazima uonekane, basi usimuliwe na mtu mzima aliyevaa tai.

Kutoka jaa hilo hilo ilichipuka miti miwili mitatu. Michelangelo Antonioni, mzaliwa wa Ferrara, alianza mwaka 1943 kupiga filamu ya watu wa mto Po. Vita vikamkatiza, sehemu ya mkanda ikaharibika, na kilichosalia kikatoka 1947 kwa jina la Gente del Po. Mwaka uliofuata akatoa N.U., filamu fupi ya wafagiaji wa barabara za Roma. Msimulizi husema maneno machache mwanzoni, kisha hunyamaza, na mtazamaji huachwa na wafagiaji wale tangu alfajiri hadi usiku: mtu akila chakula chake ukutani, mtu akilala jua, mtu akifagia nyuma ya waliokwisha kupita. Hakuna aliyeambiwa amhurumie mfagiaji. Ameachwa tu awe naye.

Aliyekwenda mbali zaidi ni Vittorio De Seta, mwana wa Palermo, aliyezaliwa 1923. Kati ya 1954 na 1959 alipiga filamu fupi kumi katika Sicilia, Sardinia na Calabria, nyingi za dakika kumi kumi, kwa rangi, na kwa sehemu kubwa kwa fedha zake mwenyewe. Mojawapo ni ya uwindaji wa sulisuli, samaki mwenye upanga mdomoni, katika mlango wa bahari wa Messina: mwangalizi yuko juu ya mlingoti, mashua inakwenda kwa makasia, mtupaji chusa amesimama omoni. Nyingine ni ya jodari, nyavu zikivutwa na watu wengi kwa mpigo mmoja mpaka bahari igeuke damu. Nyingine ni ya migodi ya salfa. Katika filamu hizi De Seta alimfukuza msimulizi moja kwa moja. Palipokuwa na msimulizi aliweka kelele za kazi, sauti za kuitana, na nyimbo za wavuvi na wachimbaji walizoimba wenyewe katika lugha yao ya nyumbani, ambayo Mitaliano wa Milano hakuielewa. Hakuwatafsiria. Mtu wa mwambao, aliyewahi kusimama Nungwi au Kizimkazi akasikia wimbo wa kuvutia ng'alawa ama jarife, hahitaji kuelezwa filamu hiyo inamwambia nini. Wimbo wa kazi ndio maelezo ya kazi. Ndani yake mna mpigo, mna dhihaka ya bwana, mna dua, mna na jina la mwanamke aliyeachwa ufukweni. Mwaka 1955 Isole di fuoco, filamu yake juu ya visiwa vya volkano, ilitunukiwa Cannes.

Haifai kumfanya De Seta walii. Sauti zile hazikunaswa sambamba na picha. Zilikusanywa kwa kinasa sauti na kupangwa baadaye mezani, kwa hiyo hata ukimya wake ni usanii wa mtu mmoja. Wavuvi wake hawana majina. Ni wazuri kupita kiasi, kama kwamba jasho na machweo ya jua ni jamaa. Mtu mwenye njaa katika filamu hizo huonekana zaidi kama sanamu kuliko kama mdeni wa duka. Hayo yote ni kweli, na wenye kumkosoa kwa hayo wana haki yao. Lakini alifanya jambo moja ambalo serikali ya nchi yake na serikali nyingi baada yake hazijalifanya: aliamini kwamba mtu anayefanya kazi anajua anachofanya, na kwamba sauti yake yatosha.

Upande wa Tanganyika imani ilikuwa kinyume chake, na iliandikwa kabisa. Jaribio la kwanza kubwa lilifanyika kabla ya vita, kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, ambako Meja Notcutt na Latham walitengeneza filamu zipatazo 35 za kuwafundisha Waafrika kilimo, afya na kuweka akiba. Mwaka 1939 Uingereza ikaunda kitengo maalumu cha filamu za makoloni chini ya William Sellers, aliyekuwa mtumishi wa afya Nigeria. Kazi yake ya kwanza ilikuwa propaganda ya vita. Vita vilipokwisha ikawa mafunzo, mpaka kitengo kilipofungwa 1955. Sellers alikuwa na nadharia: Mwafrika asiyesoma hawezi kufuata picha zinazobadilika upesi. Basi filamu iende polepole, picha ikae muda mrefu, pasiwe na hila ya kamera, na jambo moja lirejewe mpaka limkae kichwani. Na kwa kuwa filamu nyingi zilikuwa bubu, gari la sinema lilikwenda na msimulizi wake, mtu aliyesimama kando ya turubai na kipaza sauti, akitafsiri na kufafanua na kukaripia. Mwafrika huyo huyo, ndiye aliyekuwa akifuata utenzi wa beti mamia kwa kusikia tu, akashika visa vyake, majina yake na mafumbo yake bila ya kupotea! Aliyeshindwa kufuata ni nani?

Matokeo ya imani hiyo hayatafutwi mbali na Msamvu. Inatosha kusimama kituoni hapo na kuinua macho kusini, penye ukuta wa Uluguru. Kuanzia 1949 serikali ya kikoloni iliendesha huko mpango wa matumizi ya ardhi ambao kiini chake kilikuwa kuwalazimisha Waluguru kuchimba matuta ya ngazi katika miteremko yao, ili udongo usiporomoke na maji ya mto Ruvu yahifadhiwe. Hoja ya udongo haikuwa ya uongo. Lakini matuta yalifukia udongo wa juu wenye rutuba na kuuleta juu ule mkavu. Kazi iliwaangukia watu kwa amri na kwa faini. Na katika nchi ambayo ardhi hurithiwa kwa upande wa mama, kuchimba shamba upya ni kugusa suala la nani mwenyewe. Wanawake waliolima miteremko ile walikuwa na mengi ya kusema. Hawakuulizwa. Walioneshwa, wakaelezwa, wakaamriwa, kwa mpango ule ule wa filamu ya mafunzo: picha moja, polepole, mara kwa mara, na sauti ya juu. Sauti hiyo haikuhitaji gari la sinema ili ipande mlima. Ilipanda kwa miguu ya mabwana shamba na matarishi wa wakuu wa kienyeji. Julai 1955, huko Matombo, subira ikakatika. Watu walikusanyika kwa wingi, polisi wakafyatua risasi, na mpango wa matuta ukafa. Chama cha TANU, kilichokuwa na umri wa mwaka mmoja, na ambacho Mluguru Patrick Kunambi alikuwa miongoni mwa waasisi wake, kilipata milimani humo wanachama wengi ambao hakikuwahutubia sana. Filamu ya De Seta juu ya sulisuli na risasi ya Matombo ni za miaka ile ile. Mmoja alikuwa akijifunza kunyamaza. Wengine walikuwa wakilipa gharama ya kutosikilizwa.

Kuna kichekesho kimoja katika historia hii ambacho hakina budi kusimuliwa. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ilifadhili filamu za Kiswahili zilizotengenezwa na kampuni kutoka Afrika Kusini, miongoni mwazo Muhogo Mchungu, kisa cha mtu wa shamba anayekuja mjini na kutapeliwa kwa sababu hajui. Aliyepewa nafasi ya mtu huyo asiyejua alikuwa karani kijana wa Idara ya Ustawi wa Jamii, jina lake Rashid Mfaume Kawawa. Msimulizi wa kikoloni alimweka mbele ya kamera ili wenzake wamwone wakajifunze kuwa na akili. Januari 1962, Kawawa alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Katikati ya tarehe hizo mbili alikuwa amekwisha kuongoza shirikisho la vyama vya wafanyakazi. Kamera ilikuwa mbele ya mtu wa namna hiyo, na ilichoona ni mshamba.

Wazanzibari nao wana deni lao na sinema ya Kiitaliano, na ni deni chungu. Gualtiero Jacopetti alilelewa katika kiwanda kile kile cha filamu fupi: katika miaka ya 1950 alikuwa mhariri wa taarifa za sinema zilizooneshwa katika majumba ya Italia, picha ya haraka na juu yake ulimi mkali wa msimulizi. Mwaka 1966 yeye na Franco Prosperi walitoa Africa Addio, na ndani yake mna picha za Zanzibar ya Januari 1964 zilizopigwa kutoka angani. Tangu hapo picha hizo zimegombaniwa na pande zote mbili za siasa za visiwa, huyu akizishika kama ushahidi, yule akizikana. Suala la hapa ni jingine, wala halipunguzi hata tone la damu iliyomwagika. Watu wanaoonekana katika picha hizo ni vitone vyeupe katika ardhi. Hawana majina, hawana mitaa, hawana walioachwa. Aliye na sauti ni mmoja, yuko juu, na anajua tangu kabla ya ndege kuruka kwamba Afrika iliyoachwa na wakoloni itajila yenyewe. Marehemu wa Zanzibar walitumiwa kuthibitisha sentensi ambayo ilikuwa imekwisha kuandikwa. Jacopetti na De Seta walifariki mwaka mmoja, 2011. Shule ilikuwa moja. Mmoja aliirithi sauti ya msimulizi, mwingine aliikataa.

Mpenzi wa ushairi ndiye wa kwanza apaswaye kulikasirikia jambo hili, kwa kuwa mambo ya Waswahili hayaendi hivyo. Shairi ni kauli inayongoja jibu. Mshairi akitupa tungo, mwenzake huichukua kwa bahari ile ile, mizani zile zile, na pengine vina vile vile, akamrudishia. Na ukumbi mzima hukaa kuangalia nani kaelemewa. Hata Mambo Leo, gazeti la serikali ya kikoloni lililoanzishwa 1923, lilikuwa na kurasa za mashairi ambamo watu walijibizana toka mji hadi mji. Serikali moja, basi, na njia mbili: katika karatasi ililazimika kuacha mlango wa jibu, kwa sababu umbo lenyewe la shairi lilidai hivyo, katika turubai ikaufunga. Ndiyo maana yale magari ya sinema hayakuacha nyuma yake hata wimbo mmoja wa kukumbukwa.

Linganisha na Siti binti Saad. Wimbo wake wa Kijiti, juu ya mauaji ya mwanamke mgeni mjini Unguja, ni filamu fupi ya hali halisi kwa kila hali isipokuwa picha: tukio la kweli, watu wenye majina, mkosaji akavuka bahari, na adhabu ya mahakama ikawaangukia mashahidi. Ulienea kwa sahani ya santuri, ambayo upande mmoja hauzidi dakika tatu na kitu. Siti hakuwasimulia watu wa Ng'ambo kutoka angani. Aliimba akiwa miongoni mwao, katika mji ambamo jamaa wa kila aliyetajwa waliweza kumgongea mlango usiku ule ule. Hilo ndilo linalotofautisha ushahidi na maelezo: shahidi anaweza kufuatwa nyumbani.

Na leo? Mkoloni alikwenda zake, msimulizi akabaki. Yumo katika filamu za miradi, zile zinazoanza na ngoma sekunde kumi, kisha bonde, kisha sauti laini ikisema kwamba jamii ya eneo hili inakabiliwa na changamoto. Mwanakijiji huoneshwa akifungua kinywa, na kabla neno la pili halijatoka sauti hupunguzwa na msimulizi huendelea. Wapo wanaodhani kwamba ukimwondoa msimulizi mambo yametengenea. Hayatengenei kwa hilo peke yake. Darwin's Nightmare ya Hubert Sauper, ya mwaka 2004, juu ya sangara na ufukara wa Mwanza, haina msimulizi wa sauti. Ina maandishi na mpangilio wa picha, navyo vilitosha kuwageuza watu wa Mwanza kuwa mfano wa maangamizi ya dunia. Rais Jakaya Kikwete aliilaumu hadharani mwaka 2006 kwa kuichafua nchi, na ubishi ukawa baina ya msanii wa Ulaya na Ikulu, kila mmoja akidai kuwasemea wenye samaki. Wenye samaki walikuwa wakisikiliza.

Njia nyingine ipo, na imejaribiwa karibu. Katika miaka ya 1990 wavuvi wa pwani ya Mtwara na Lindi walipewa kamera ya vidio wakishirikiana na Maneno Mengi, kikundi kilichokuwa na makao yake Zanzibar, na wakaitumia kusema juu ya uvuvi wa baruti uliokuwa ukiwamaliza. Vidio hizo hazikuwa na uzuri wa De Seta. Watu walisema mno, kwa kurejea, wakikatizana. Lakini walijibizana, na walijitazama, na mkubwa aliyepelekewa kanda alijua kwamba waliosema wako hai na wanangoja jawabu.

Itasemwa, na itasemwa kwa haki, kwamba yote haya ni anasa ya watu wa vitabu. Petroli huwaka. Mvuke wake husafiri ukashika cheche mbali na lori. Lau angalikuwapo msimulizi mmoja mwenye sauti ya kusikika pale Msamvu asubuhi ile, angaliokoa watu. Hoja hii haipingiki. Onyo ni wajibu, na mwenye kujua kitu cha kuua akanyamaza ana dhambi. Lakini onyo hutolewa kabla, kwa mtu aliye hai, na humwita ndugu. Kilichomiminwa juu ya picha za Msamvu kilikuja baada, kwa watu wasioweza tena kujibu, na kiliwaita wenye tamaa. Tena onyo la kweli lingeanza kwa kuuliza swali ambalo msimulizi hulikwepa: kwa nini mtu mwenye akili timamu, mwendesha bodaboda anayejua vizuri petroli ni nini kwa sababu anaishi kwayo, alione dumu moja kuwa lina thamani ya hatari ile? Jibu la swali hilo wanalo wajane wa Morogoro, wala halimo katika neno moja.

Na petroli yenyewe ina hadithi inayorudi Italia kwa njia ya kushangaza. Kiwanda cha kusafishia mafuta cha Dar es Salaam kilichofunguliwa 1966 kilijengwa kwa ubia na shirika la ENI la Italia, na bomba la TAZAMA, lililokamilika 1968 na kupeleka mafuta hadi Ndola, lilijengwa na kampuni ya ukoo huo huo. Bosi wa ENI, Enrico Mattei, ndiye aliyemwita Mholanzi Joris Ivens apige filamu ya kuitukuza gesi na mafuta ya Italia. Ivens akaenda hadi kusini, akapiga na nyumba ambamo watu na punda walilala chumba kimoja. Televisheni ya taifa ilizikata sehemu hizo mwaka 1960, na kilichooneshwa kikaitwa vipande tu vya filamu ya Ivens. Mwenye mafuta hulipia picha, na mwenye kulipia hushika mkasi. Basi anayetaka kuipiga Msamvu filamu ajiulize kwanza nani anamlipa, na kama kwa mlipaji huyo maisha ya mchota mafuta ni khabari au ni aibu.

Maana filamu hiyo yafaa ipigwe. Msamvu ni njia panda ya nchi: huku Dar es Salaam, huku Dodoma, huku Iringa. Hakuna msafiri wa bara aliyekwepa kuisikia, ingawa wengi hawakuitazama, kwa kuwa basi husimama dakika chache na mtu hushughulika na mzigo wake. Ni mahali pa sauti kuliko mahali pa sura. Kuna wapiga debe wakiita majina ya miji kwa mpigo ambao mjuzi wa mizani anaweza kuuhesabu. Kuna wauza maji na korosho wakigonga vioo. Kuna adhana, kuna kengele, kuna muziki ndani ya kila basi ukishindana na wa basi la jirani. Huu ni mji wa Salum Abdallah na Cuban Marimba yake, mji wa Mbaraka Mwinshehe na Morogoro Jazz, watu waliozijaza tungo zao khabari za watu wa kawaida na hawakuhitaji kibali cha mtu kuwasemea. Na kila alfajiri wanawake hushuka kutoka Uluguru na ndizi na mboga kichwani, wengine wao wajukuu wa wale waliokataa matuta. Wapo miongoni mwao waliopoteza mtoto katika moto ule. Waulizwe wao kwanza, kwa Kiluguru wakipenda, na kinasa sauti kiwashwe kabla ya kamera.